CHEO SI NCHI

Ndugu wanachama, hapana budi leo tuzungumze juu ya kisa ambacho watetezi wa ukoloni hupenda kukisimulia nusu, na nusu ya pili wakaikalia. Husema: tazameni wema wa Wafaransa. Walimwondoa mfalme wa Vietnam wakamhamisha, lakini vita vilipokuja walimvika sare, wakampa cheo, akafa hali ni afisa mwenye heshima zake. Sisi twasema kwamba maneno hayo ni mizani iliyobandikwa nta chini ya kitanga. Atazamaye juu haoni wizi. Na tuigeuze mizani hiyo tuone.

Mfalme huyo jina lake la kuzaliwa ni Vinh San, na la kutawala ni Duy Tan. Mwaka wa 1907 Wafaransa walimwuzulu baba yake, Thanh Thai, wakidai kuwa ana wazimu, wakamketisha kitini mwana, naye ni mtoto wa miaka kama saba. Hesabu yao ilikuwa nyepesi: mtoto hana kauli, nao watasema kwa kinywa chake. Walisahau kwamba mtoto hukua. Ilipofika Mei 1916 Ulaya inawaka moto, na vijana wa Vietnam wamekusanywa mjini Hue wakingoja kupakiwa melini kwenda kufa katika vita visivyokuwa vyao. Mfalme, ambaye hajatimiza miaka kumi na sita, alipatana na wazalendo Thai Phien na Tran Cao Van kwamba vijana hao hao wainuke waikomboe nchi yao. Siri ikatoka kabla ya saa yake. Mfalme aliyekwisha kutoka jumbani usiku alikamatwa baada ya siku chache, wazalendo wale wawili wakakatwa vichwa, na yeye pamoja na baba yake wakapelekwa Réunion, kisiwa kilichoko mashariki ya Bukini.

Sisi watu wa visiwa twaijua desturi hiyo. Mwanga wa Buganda na Kabarega wa Bunyoro, waliokamatwa na Waingereza mwaka wa 1899, walitupwa Shelisheli. Sayyid Khalid bin Barghash, aliyepigiwa mizinga Unguja tarehe 27 Agosti 1896, baadaye alikamatwa barani akapelekwa visiwa vya mbali, na mwisho akafia Mombasa mwaka wa 1927, mbali na jumba alilolidai. Bahari ambayo kwetu ni njia ya riziki, kwa mkoloni ilikuwa ni ukuta wa gereza.

Vinh San hakuketi akalia. Alijifunza ufundi wa redio, akafungua duka mjini Saint-Denis, akala kwa jasho la mikono yake. Aliomba mara kadhaa aondoke kisiwani aende Ufaransa, akakataliwa. Mwezi wa Juni 1940 Ufaransa ikapigwa na Wajerumani, na Jenerali de Gaulle akatoa mwito kutoka London kwamba vita havijesha. Gavana wa Réunion alisimama na serikali ya Vichy iliyoinama mbele ya adui; mfungwa wa Wafaransa alisimama na de Gaulle, akawa anazinasa habari kwa redio zake. Kwa ajili hiyo alitiwa gerezani wiki sita. Twauliza: ni nani hapo aliyekuwa mwaminifu, mwenye funguo au aliyefungiwa? Tarehe 28 Novemba 1942 manowari Léopard ilipokuja kukitwaa kisiwa kwa upande wa de Gaulle, Vinh San aliingia humo kufanya kazi ya simu ya upepo. Baadaye, mwaka wa 1944, aliingia jeshini katika daraja ya chini kabisa, ya askari wa kawaida. Mfalme mzima! Alipofika Ulaya mwaka wa 1945 vita vimekwisha, akawekwa Ujerumani pamoja na divisheni ya askari wa makoloni.

Sasa ndugu, fungueni daftari mtazame tarehe. Agosti 1945 mfalme Bao Dai, aliyewekwa na Wafaransa, aliacha kiti. Tarehe 2 Septemba Ho Chi Minh alitangaza uhuru mjini Hanoi. Na tarehe 29 Oktoba, hata miezi miwili haijapita, de Gaulle alitia saini amri ya kumpandisha Vinh San vyeo, tena vyeo hivyo vikaandikwa kwa tarehe za nyuma, tangu mwisho wa mwaka wa 1942, ngazi baada ya ngazi, hata akawa mkuu wa kikosi. Sisi wenye maduka twaijua hesabu ya namna hii. Mtu aliyekupita mlangoni miaka mitatu bila ya salamu, siku moja akaja akalipa deni lote mbio mbio, huyo hakuja kulipa. Amekuja kukopa kikubwa zaidi.

Wako na wengine, nao ni wenzetu, wasemao kwamba mtu huyo alikuwa kibaraka. Hao nao hatukubaliani nao. Tarehe 14 Desemba 1945 alionana na de Gaulle, na alilolitaka lilijulikana: Vietnam moja, ile iliyokatwa na Wafaransa mapande matatu iunganishwe, na ijitawale. Hakuiuza nchi yake kwa nyota za begani. Msiba wake ni kwamba aliitaka nchi kwa yule yule aliyeinyang'anya, na katika mkono huo alipokea cheo kwanza, nchi ikabaki kuwa ahadi. Tarehe 26 Desemba 1945, akiwa njiani kwenda Réunion kuwaona jamaa zake, ndege yake ilianguka Ubangi-Shari, nayo ahadi ikafa pamoja naye.

Je, Wafaransa walimlilia? Walitafuta mwingine. Mwaka wa 1949 walimrudisha Bao Dai awe mkuu wa dola chini ya kivuli chao, na vita vikaendelea mpaka waliposhindwa Dien Bien Phu mwaka wa 1954. Vinh San mwenyewe alingoja kaburini Afrika hata mwaka wa 1987, ndipo mifupa yake ikarudishwa Hue.

Basi, ndugu zetu, hayo hatukuyaandika kwa kupitisha wakati. Mwanachama wa chama kisichotawala huitwa faragha, akakaribishwa kahawa, akaambiwa: una elimu, una watu, njoo tukupe nafasi, na yale mnayoyadai tutayatazama baadaye. Atakayeitwa asitukane wala asikimbie, lakini na aulize mambo mawili. Kwa nini leo na si jana? Na je, ninachopewa ni changu peke yangu, au ni haki ya wote iliyoandikwa mbele ya wote? Akijibiwa la pili kwa ahadi ya mdomo, na ainuke arudi kwa wenziwe. Koti la cheo huvuliwa siku moja kama lilivyovaliwa siku moja. Nchi haipokelewi faragha.