Talaka kwa Kadhi, Nyumba kwa Nani?

Ndoa ikivunjika Mombasa, Kwale au Lamu, mara nyingi ugomvi wa kwanza huwa ni kesi ipelekwe wapi. Mume ameshafungua faili kwa Kadhi, mke kashauriwa na wakili aende Mahakama Kuu. Miezi yapita wakibishania mlango wa kuingilia, na karo ya watoto haijalipwa.

Tuanze na sheria inavyosema. Kifungu cha 170 cha Katiba ya 2010 kimempa Kadhi mambo manne: hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi. Lakini kimeweka masharti mawili. Wahusika wote wawe Waislamu, na wote wakubali kuhukumiwa na mahakama hiyo. Sharti la pili ndilo linalosahauliwa. Kuwa Mwislamu peke yake hakutoshi. Lazima na ridhaa iwepo. Sheria ya Mahakama za Kadhi nayo yasema wazi kuwa haipunguzi mamlaka ya Mahakama Kuu.

Kwa nini watu wavutane hivi? Kwa sababu ya mali. Talaka yenyewe haina utata mkubwa: Sheria ya Ndoa ya 2014 yasema kuvunjwa kwa ndoa ya Kiislamu kutafuata sheria ya Kiislamu. Nyumba ndiyo yenye kesi. Katika fiqhi, kila mmoja ana mali yake, na mke ana haki ya mahari yake, nafaka ya eda na kitoka nyumba. Sheria ya Mali ya Ndoa ya 2013 yatazama mchango wa kila mmoja, na yahesabu kupika, kulea watoto na kusimamia nyumba kuwa ni mchango. Sheria hiyohiyo yasema Mwislamu "anaweza" kufuata sheria ya dini yake katika mali. Haikusema ni lazima.

Basi mama aliyeuza maandazi miaka ishirini, pesa zikaingia kwenye matofali ya nyumba yenye hati ya jina la mume, ana sababu ya kuuliza aende wapi. Asifikiri, hata hivyo, kuwa Mahakama Kuu itamkatia nusu kwa nusu. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu iliamua kuwa usawa wa Kifungu cha 45 haumaanishi kugawa mali sawasawa. Mchango lazima uthibitishwe. Risiti, ujumbe wa M-Pesa na mashahidi ndivyo vitakavyomsaidia, mahakama yoyote atakayokwenda.

Hapa mtaani, mwanamke akienda Mahakama Kuu huambiwa ameikimbia dini. Maneno haya hayana haki. Mume akichagua mahakama aonayo itamfaa, hakuna amwambiaye kitu. Na tusisahau kuwa wako wanawake wengi wanaomtaka Kadhi, kwani kesi kwake huwa nyepesi kwa gharama, husikizwa kwa Kiswahili, na ndiye anayeweza kumfungua kwa khului au faskhi mke aliyetelekezwa na mume aliyekwenda Ughaibuni.

Kwa maoni yangu, njia ni kuyatenganisha mambo. Talaka, eda na mahari yaende kwa Kadhi, ili mwanamke asije akaolewa tena huku watu wakitilia shaka talaka yake. Malezi na matumizi ya watoto yana Mahakama ya Watoto, chini ya Sheria ya Watoto ya 2022. Mali iende pale ambapo wote wawili wameridhia. Wasiporidhiana, Mahakama Kuu iamue.

Kadhi naye ana kazi siku ya kwanza: awaulize wote wawili, kwa Kiswahili kisicho na mafumbo, kama wanakubali mamlaka yake katika mali, na jibu liandikwe. Mtu akishajibu madai na kuhojiwa bila kupinga, huwa vigumu kugeuka baadaye. Asiyeridhika na hukumu ana rufaa Mahakama Kuu, ambako Kadhi Mkuu au Makadhi wawili hukaa kama washauri wa jaji.

Makadhi wetu wametambuliwa tangu enzi za mkataba wa Sultani wa Zanzibar na Waingereza wa 1895. Heshima yao haitapungua kwa mke kuulizwa kama ameridhia. Itapungua akiburutwa.