Kuondoa wakubwa ni siku moja, kuwachunga ni kila siku



Kila mara tukikutana na vijana mu kartye kuzungumza mambo ya inchi, kuko neno moja lenye halikosekane: « Batoke tu. Ingine tutaona mbele. » Tunaelewa hasira yenye iko ndani ya neno hilo. Lakini leo tunataka kuuliza swali moja: na wakishatoka kweli? Kesho yake inakuwa namna gani?

Kuko watu wenye walishatembea njia hiyo mpaka mwisho. Muhindi tunamjua hapa kwa kofia ya buluu ya MONUSCO, kwa duka, ao kwa ndugu yetu mwenye alipelekwa kule kutafuta matunzo. Siasa yao hatuifuate sana. Hata hivyo, yale yaliyotokea mu jimbo la West Bengal mwaka wa 2011, kila kijana mwenye anasema « batoke tu » angepaswa kuyajua.

Kwanza tuelewane. India ni shirikisho la majimbo, na kila jimbo iko na bunge lake. Kwetu, wadepite wa provensi njo wanachagua gavana. Kule, gavana anateuliwa na Rais wa inchi na hana nguvu mingi. Mwenye kuongoza ni waziri mkuu wa jimbo, na anatoka mu chama ao muungano wenye kuwa na wadepite wengi. Kwa hiyo kura ya raia kwa mdepite wake njo inaleta serikali, na njo inaiondoa. West Bengal, yenye mji wake mkubwa ni Kolkata, iko na watu zaidi ya milioni 90 na viti 294 mu bunge.

Tangu mwaka wa 1977, jimbo hilo lilikuwa mikononi mwa muungano wa vyama vya mrengo wa kushoto, wakomunisti wakiwa mbele. Walishinda uchaguzi mara saba kwa kufuatana. Miaka 34! Jyoti Basu peke yake alikaa kwenye kiti cha waziri mkuu miaka 23, mpaka mwaka wa 2000. Na tuseme ukweli: hawakuanza kama wezi. Walipoingia, waliandikisha wakulima zaidi ya milioni moja wenye walikuwa wanalima shamba la mwengine na kugawana mavuno, ili mwenye shamba asiweze kuwafukuza ovyo. Walileta pia uchaguzi wa mabaraza ya vijiji. Mkulima masikini aliwapenda juu walimpa heshima.

Lakini miaka inapita, na chama kinazoea kiti. Ukitaka kazi, unapita kwa chama. Ukiwa na palava na jirani, chama njo kinakata maneno. Mwaka wa 2006 walipata viti 235 juu ya 294. Mukubwa mwenye kupata viti 235 anaanza kufikiri kama wananchi ni mali yake.

Mwaka ule ule, waziri mkuu wa wakati ule, Buddhadeb Bhattacharjee, alitangaza kama kampuni ya Tata itajenga kiwanda cha gari ndogo ya bei rahisi pale Singur, karibu na Kolkata. Serikali ilichukua hektari kama 400 za mashamba mazuri. Wajua walitumia sheria gani? Sheria ya mwaka wa 1894, yenye iliachwa na wakoloni Waingereza! Wakomunisti, wenye walisimama juu ya mgongo wa wakulima, walitumia sheria ya mkoloni kuwanyanganya wakulima udongo. Wengine walipokea malipo. Wengine walikataa kabisa. Na wale wenye walikuwa wanalima bila karatasi hawakuhesabiwa.

Kisha ikafika Nandigram. Kule serikali ilitaka udongo kwa ajili ya viwanda vya kemikali. Wanakijiji walichimba barabara ili magari ya serikali yasipite. Tarehe 14 Machi 2007, polisi iliwapiga risasi. Watu 14 walikufa. Serikali ya wakulima ikaua wakulima.

Tunaomba musome vizuri hapa. Serikali ile ya miaka 34 haikuangushwa kwanza na chama kingine. Iliangushwa na wamama na wababa wa vijiji viwili wenye walisema hapana. Mamata Banerjee na chama chake cha Trinamool, chenye aliunda mwaka wa 1998, walikuja kusimama nao. Alifunga kula zaidi ya wiki tatu mu Desemba 2006 juu ya Singur. Alikuwa anajulikana kwa sari ya pamba na kandambili miguuni, na neno lake lilikuwa « mama, udongo, watu ». Mu Oktoba 2008, Tata walitangaza kama wanahama, wakapeleka kiwanda Gujarat.

Watu walianza kuhesabu nguvu yao polepole. Mwaka wa 2008, chama kilianza kupoteza mabaraza ya wilaya. Mwaka wa 2009, Trinamool ilipita mrengo wa kushoto mu kura za bunge la taifa. Mwaka wa 2010, Trinamool ikashinda jiji la Kolkata.

Na mwaka wa 2011 ikafika siku yenyewe. Kura ilipigwa kwa awamu sita, toka tarehe 18 Aprili mpaka tarehe 10 Mei. Karibu watu 84 juu ya 100 wenye kuandikishwa walienda kupiga kura. Tarehe 13 Mei walihesabu, na siku ile ile kila mtu alijua. Trinamool viti 184, wenzao wa chama cha Congress viti 42. Muungano wa kushoto ulibaki na viti 62 tu. Waziri mkuu mwenyewe alianguka pale kwake Jadavpur, kwa tofauti ya kura zaidi ya 16,000, na mwenye alimwangusha alikuwa zamani mtumishi mkuu wa serikali yake. Alitoa barua ya kujiuzulu siku ile ile. Hakuitisha jeshi, hakukimbilia mahakamani. Tarehe 20 Mei Mamata akaapishwa, mwanamke wa kwanza kuongoza jimbo lile.

Hiyo ni somo la kwanza, na si dogo. Chama chenye kukaa miaka 34 kinaweza kutoka kwa karatasi na kidole, bila bunduki. Mwenye anasema haiwezekane, mwambieni kama iliwezekana.

Lakini hatukuandika juu ya somo hilo tu. Somo lenye linatuuma ni la pili.

Watu walishangilia, wakarudi nyumbani. Wakasema: sasa tuko na mtu wetu pale juu. Na mtu wao alifanya nini?

Mu Aprili 2012, hata mwaka haujaisha, mwalimu mmoja wa chuo kikuu cha Jadavpur alikamatwa juu alitumia watu katuni ya kumchekelea Mamata. Katuni! Mashtaka yalimfuata mpaka Januari 2023. Mu Agosti 2012, mkulima mmoja alisimama mu mkutano wa hadhara akamuuliza waziri mkuu swali juu ya bei ya mbolea. Mamata alimuita Maoisti palepale, na yule mkulima akakamatwa. Mkulima! Yule yule mwenye jina lake lilikuwa mu kila wimbo wa kampanye.

Mu vijiji vingi, wakubwa wadogo wenye walikuwa wanasumbua watu kwa jina la chama cha zamani walivaa shati la chama kipya, wakaendelea na kazi. Mwaka wa 2018, mu uchaguzi wa mabaraza ya vijiji, karibu kiti kimoja juu ya vitatu kilipata mshindi bila mpinzani, na upinzani ulilalamika kama wagombea wao walipigwa na kufungiwa njia ya kuweka majina. Mwaka wa 2019, Mamata mwenyewe alilazimika kuambia watu wa chama chake warudishe pesa zenye walikuwa wanakata kwa raia juu ya misaada ya serikali. Mwaka wa 2022, mtu mwenye alikuwa waziri wake wa elimu alikamatwa mu kesi ya kuuzisha kazi za ualimu, na mu Aprili 2025 mahakama kuu ya inchi ilifuta kazi zaidi ya 25,000 za walimu na wafanyakazi wa shule. Fikiria kijana mwenye alisoma, akapita mtihani kwa haki, na anapoteza mkate pamoja na wenye walinunua.

Na udongo wa Singur? Serikali mpya ilitunga sheria ya kuurudisha mu Juni 2011, lakini sheria ile iliangushwa mahakamani mwaka uliofuata. Wakulima walingoja. Tarehe 31 Agosti 2016, mahakama kuu ya India ilisema kuchukuliwa kwa mashamba yale kulikuwa kinyume cha sheria, na ikaagiza yarudishwe. Miaka kumi tangu walinyanganywe! Na walipopewa, sehemu ya shamba ilikuwa imejaa saruji. Saruji haizae mchele.

Kuko wenye watasema: basi ni sawasawa, wote ni wamoja, hakuna faida ya kupiga kura. Apana. Hatukubali. Bila kura ya 2011, wale wenye walipiga watu risasi Nandigram wangeendelea kufikiri kama damu ya mkulima haina bei. Kubadilisha serikali kuliwafundisha kama iko na bei. Kosa la watu wa Bengal halikuwa kubadilisha. Kosa lilikuwa kufikiri kama kazi imeisha.

Njo maana, kijana, kabla ya kusema « batoke tu », uliza na haya: Mwenye anakuja ametia sahihi gani mbele yetu? Nani atamwuliza swali mu mwezi wa sita, wakati kampanye imeisha na fulana zimechakaa? Na siku ile atamkamata mtu juu ya katuni ao juu ya swali la mbolea, tutatoka barabarani kwa ajili ya yule mtu, ao tutanyamaza juu « ni mtu wetu »?

Wanakijiji wa Nandigram walijua kuchimba barabara kuzuia serikali yenye hawakupenda. Kilicho kigumu zaidi ni kusimama mbele ya ile yenye ulipenda, yenye uliimbia, yenye ulipigia kura, na kuiambia: hapa, hapana.

Siye tunajifunza hiyo kazi. Njooni tujifunze pamoja.