Kulala Si Kusubiri

Tunawasikia wengi katika misikiti yetu wakisema kwamba hakimu akishatoa uamuzi mdogo katikati ya kesi, basi Muislamu na asubiri. Sisi tunasema huko si kusubiri, ni kulala.

Tuchukue mfano wa kesi ya kiwanja cha wakfu. Hati ipo, mashahidi wazee wapo. Mdaiwa anaweka pingamizi la awali, na kesi inatupwa kabla mzee hata mmoja hajafungua kinywa. Mwaka 1969 Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, katika shauri la Mukisa Biscuit, ilikwisha kueleza kwamba pingamizi la awali ni hoja tupu ya sheria. Likihitaji ushahidi, si pingamizi tena. Mawakili wanalijua shauri hilo kama alifu na bee, na bado mapingamizi ya namna hiyo hayaishi!

Uamuzi unaomaliza kesi hukatiwa rufaa mara moja. Shida ni ule usioimaliza: hati ya wakfu inakataliwa kupokelewa, shahidi ananyimwa nafasi. Kwa Tanzania Bara, Sheria Na. 25 ya mwaka 2002 ilizuia rufaa na marejeo dhidi ya maamuzi ya aina hiyo. Hatuilaumu, maana zamani tajiri aliweza kumchosha yatima kwa kupanda na kushuka mahakama za juu kwa kila uamuzi mdogo. Lakini mlango huo umefungwa kwa muda tu. Hukumu ikishatoka, kosa lililoiathiri linaweza kuwa sababu ya rufaa.

Hapo ndipo wadhamini wetu wanapoponzwa. Mahakama ya rufaa husoma mwenendo wa kesi ulioandikwa, haisomi manung'uniko ya barazani. Ikiwa siku ile hakuna aliyesimama kupinga, na pingamizi lake likaandikwa, rufaa itasimama juu ya nini? Tena haitoshi kuonyesha kwamba hakimu alikosea. Lazima ionekane kosa liliharibu haki yenyewe.

Wapo wanaokimbilia Ibara ya 107A ya Katiba, iliyoingizwa mwaka 2000, inayozitaka mahakama zisifungwe kupita kiasi na mambo ya kiufundi. Ni ibara njema. Haimfufui aliyechelewa kukata rufaa kwa uzembe wake.

Basi tunawauliza wadhamini: katika kesi yenu ya sasa, nani anayenakili kila uamuzi mdogo na tarehe yake?