Kivu Kusini: Kinyonga akigeuka mweusi hachezi, anateseka

Katika vijiji vya milima ya Kivu Kusini si ajabu kukuta mtoto amemfunga kinyonga kamba mguuni, anamtembeza barabarani. Rangi ikigeuka, watu wanacheka. Wengine wanamwogopa na kumpiga mawe, ingawa hana sumu. Wako pia wanaomweka nyumbani ndani ya katoni au bidoni iliyokatwa na kusema wanamfuga.

Kosa kubwa ni kudhani kwamba rangi ile ni mchezo. Kwa kinyonga, rangi ni lugha. Asubuhi ya baridi anaweza kuwa mweusi ili avute joto la jua, na hapo hakuna ubaya. Lakini akibaki mweusi mchana kutwa, akifungua kinywa na kutoa sauti ya pumzi kali, akijivimbisha mwili, huo ni woga. Akifumba macho mchana, akikataa kula, hali ni mbaya zaidi. Macho yakizama ndani, mara nyingi amekosa maji.

Maji yenyewe watu wanamwekea katika sahani, kumbe kinyonga hunywa matone juu ya majani. Anayemfuga amnyunyizie matawi asubuhi na jioni. Ampe wadudu walio hai, kama panzi. Kizimba kiwe cha wavu, chenye matawi, upande mmoja jua na upande mwingine kivuli. Kila kinyonga akae peke yake, kwani hata kumwona mwenzake tu kunamsumbua. Tena asikamatwe kutoka juu, maana ndivyo ndege wanavyomvamia.

Hali ya hewa nayo ni jambo zito. Kinyonga wa pembe tatu wa milima yetu amezoea ubaridi. Kumteremsha hadi joto la Uvira, kando ya Ziwa Tanganyika, ni kumwadhibu bila kosa.

Sheria nayo ipo. Tangu mwaka 1976, nchi ikiitwa Zaire, Kongo imo katika mkataba wa CITES, ambao unadai kibali kabla ya kinyonga kuuzwa nje. Ndani ya Hifadhi ya Kahuzi-Biega, kukamata wanyama kumekatazwa.

Wengine watasema: watu wanakosa chakula na usalama, mambo ya kinyonga ni ya nini? Lakini kumwacha hakugharimu hata franga moja. Shambani anakula wadudu bila kudai mshahara. Na mtoto anayezoea kucheka mateso ya kiumbe kidogo anajifunza jambo ambalo mzazi hataki alijue.

Basi wazazi na walimu wawaonyeshe watoto kinyonga akiwa juu ya mti wake: macho mawili yakitazama pande mbili, ulimi ukiruka kama mshale. Huko ndiko anakopendeza. Aliyekwisha kumfunga, leo hii afungue kamba na kumrudisha palepale alipomtoa.