Kanda ya Bulyanhulu na visanamu vya udongo

Wadau, kuna filamu moja ya mwaka 2013 naomba muitafute. Kwa Kifaransa inaitwa L'Image manquante, yaani picha inayokosekana. Mtengenezaji ni Rithy Panh, Mkambodia aliyepoteza wazazi na ndugu zake akiwa bado mdogo, wakati Khmer Rouge wanatawala nchi yake, 1975 hadi 1979. Picha za sinema zilizobaki za enzi hizo karibu zote ni propaganda. Sasa jamaa akafanya nini? Akatengenezewa visanamu vya udongo, akavipanga vijiji kwa vijiji, akasimulia juu yake. Visanamu havitembei wala havipepesi macho, lakini ukitazama unashindwa kukaa vizuri kwenye kiti.

Mimi niliitazama huku akili iko Bulyanhulu.

Wengi mnaijua habari yenyewe. Agosti 1996 maelfu ya wachimbaji wadogo waliondolewa pale, wilaya ya Kahama enzi hizo, kupisha Kahama Mining, kampuni tanzu ya Sutton Resources ya Kanada. Yakaja madai kwamba zaidi ya watu 50 walifukiwa mashimoni wakiwa hai. Serikali na kampuni wakakanusha. Mwaka 2001 ukazuka ubishi mkubwa juu ya mkanda wa video uliosemekana kuonyesha miili ikitolewa, wanasheria wa LEAT, akiwemo Tundu Lissu, wakiwa mstari wa mbele. Mwaka 2002 ofisi ya malalamiko ya Kundi la Benki ya Dunia ikasema madai hayana msingi.

Sitoi hukumu hapa. Kinachonikera ni kwamba mjadala wote uliishia kwenye kanda, ya kweli au si ya kweli, na ilipokataliwa tukatupa kumbukumbu zote pamoja nayo. Kuondolewa kwenyewe hakuna anayekubishia. Mtu alikuwa na duara lake, mama ntilie alikuwa na daftari la wadeni, na ghafla aliyeitwa mchimbaji mdogo akawa mvamizi. Hilo halihesabiwi kwa maiti. Ni mtu kuambiwa na wengine yeye ni nani.

Hata Darwin's Nightmare ya Hubert Sauper (2004), iliyopigwa Mwanza na kulaumiwa hadharani na Rais Kikwete mwaka 2006, tuliigombea hivyo hivyo. Kweli au uongo, basi. Humo watu wetu wanajibu maswali ya mgeni.

Panh hakusubiri picha ipatikane. Na udongo tunao, Kahama mpaka Geita, watoto wanafinyanga ng'ombe kila siku. Aliyekuwa na miaka 30 mwaka ule sasa ni mzee. Nyie mnaosema hamna bajeti ya filamu, mpelekeeni udongo, mwambieni aupange mgodi ulivyokuwa: duara lake wapi, jirani yake nani, chai walinunua kwa nani. Kamera iwe imewashwa. Habari ya waliokufa msimuulize, akifika hapo atasema mwenyewe.