Simu na Matembezi ya Likizo

Shule yetu haituruhusu kuwa na simu bwenini, na wengi twanung'unika kwa amri hiyo. Leo sitaki kubishana juu ya amri. Nataka kusema juu ya likizo, wakati ambapo hapana amri ila ile tunayojiwekea wenyewe.

Kila Desemba sisi watu wa migombani, chini ya Mlima Kilimanjaro, hupokea ndugu zetu watokao mijini. Likizo iliyopita tulikwenda kundi zima la vijana kutazama maporomoko ya maji, mwendo wa saa moja kwa miguu. Njia nzima wenzangu waliinamia simu zao. Tulipofika walipiga picha, kisha wakahangaika kutafuta mahali penye mtandao ili wazipeleke. Jioni bibi aliwauliza kama maji ya mfereji yamepungua. Hapakuwa na aliyejua, ingawa mfereji ule huandamana na njia tangu mwanzo hadi mwisho. Wazee walisema tembea uone. Hawakusema tembea upige picha.

Mtu aweza kuuliza: hasara gani? Si mfereji utatazamwa kesho? Kwa maoni yangu hasara kubwa ni nyingine. Mtu atembeapo kimya, mawazo aliyoyasukuma nyuma mwaka mzima humjia moja moja. Sisi wa kidato cha nne tuna jambo zito mbele yetu. Baada ya mtihani wa Novemba, twende wapi? Masomo niliyoyajaza ya kidato cha tano ni chaguo langu, au ni la baba? Swali kama hili halijibiwi darasani kati ya kengele na kengele, wala bwenini penye kelele. Lahitaji njia ndefu na ukimya. Nalo linapoanza kutusumbua, simu hulia, nasi twashukuru kuepukana nalo. Hapo ndipo hatari ilipo: simu imekuwa mahali pa kujificha tusikutane na nafsi zetu.

Wako watakaosema simu ni usalama. Ni kweli. Mwezi wa Agosti 2022 intaneti ilifikishwa hata Horombo, mita 3,720 juu ya usawa wa bahari, katika njia ya kupandia Kilimanjaro. Mtu akizidiwa huko, habari zake zaweza kufika chini upesi. Hilo ni jema. Lakini kwa kuomba msaada yatosha simu moja, nayo ikae mfukoni mwa mkubwa wa msafara.

Basi natoa shauri. Likizo ya Juni kila mmoja wetu achague siku moja kwa juma, aage nyumbani, atembee saa moja bila simu. Nanyi wazazi wetu, mkimwona mtoto amekaa peke yake kimya chini ya mti, msimwite mvivu. Huenda yumo kazini.

Mwenye maoni mengine na ayaandike katika toleo lijalo.

Mwanafunzi wa Kidato cha Nne