Japani Haikuendelea kwa Kujifungia

Bei ya pamba ikishuka tu Usukumani, hoja ileile huibuka vijiweni Makoroboi, Mwanza: tufunge mipaka kama Japani. Eti Wajapani walijifungia zaidi ya miaka 200, wakaishi kwa amani, wakajijenga kimyakimya, na walipotoka nje walikuwa dola kubwa. Msemaji mwenyewe kaja kijiweni kwa Hiace. Hilo tumsamehe, historia yake ndiyo haisameheki.

Mlango wenyewe haukufungwa. Amri za watawala wa ukoo wa Tokugawa, miaka ya 1630, ziliwafukuza Wareno na kumkataza Mjapani kusafiri ng'ambo. Aliyekwenda akarudi, adhabu yake kifo. Wakubwa waliendelea na biashara zao: na Waholanzi kwenye kisiwa kidogo cha Dejima, Nagasaki, na Wachina mjini humohumo, na Wakorea kupitia Tsushima. Aliyefungiwa ni mnyonge. Na amani gani hiyo? Watawala wa Satsuma, jimbo la kusini mwa Japani, walivamia visiwa vya Ryukyu mwaka 1609, wakaendelea kuvikamua kodi kipindi chote hicho kinachosifiwa. Kaskazini, wenyeji wa Kiainu walioinuka mwaka 1669 walipondwa. Ubeberu haukuzisubiri meli za Mmarekani Perry za mwaka 1853.

Kwenye viwanda ndiko hoja inakozama kabisa. Kiwanda kikubwa cha nyuzi cha Osaka kilianza kazi mwaka 1883 kwa mashine za Uingereza, huku mikataba ya mataifa ya Magharibi ikiibana Japani isitoze ushuru wa forodha zaidi ya takriban asilimia 5. Uhuru kamili wa kujipangia ushuru iliupata mwaka 1911. Mikataba ile ilikuwa ya dhuluma, sibishi. Nami ningependa viwanda vyetu vya nguo vilindwe. Lakini anayekililia kiwanda chetu cha nguo cha Mwatex atafute ushahidi kwingine, maana viwanda vya Osaka vilikua bila ukuta huo wa ushuru anaoutaka yeye.

Mwaka 1926 meli za kampuni ya Kijapani ya Osaka Shosen Kaisha zilianza safari za Afrika Mashariki. Zilishusha vitambaa vya bei poa na kupakia pamba, ikiwemo ya Uganda, ng'ambo ya ziwa letu. Mwaka 1934 Waingereza waliziwekea kikomo nguo za Japani katika makoloni yao mengi. Huku kwetu walishindwa, kwa sababu mikataba ya Bonde la Kongo iliwakataza kubagua bidhaa za nje. Japani ikapata pamba na soko bila kuleta askari hata mmoja.

Majenerali wa Tokyo hawakuridhika. Walitaka nchi isiyomtegemea mgeni kwa lolote, na kwao mafuta na chuma ni haba, basi wakazifuata nchi za wenye navyo: Manchuria mwaka 1931, sehemu nyingine za China mwaka 1937, kisha visima vya mafuta vya Indonesia. Kujitosheleza huko ndiko kulikowapeleka vijana wa Tanganyika, wakiwa askari wa KAR, jeshi la kikoloni la Waingereza, hadi bonde la Kabaw huko Burma mwaka 1944, kwenye matope na malaria, kupigana na watu ambao miaka michache nyuma walikuwa wakituuzia vitambaa.

Anayetaka kufunga mpaka aanzie soko la Mwaloni, Kirumba. Amfuate mama mwenye magunia ya dagaa, amweleze kwamba mteja wake wa Kongo asije tena.